Kiti cha Bwana Kupe

Watu husema baridi ya Minnesota huanzia miguuni. Mzee Paul Lihami ilimwanzia mdomoni. Alitoka uwanja wa ndege mwezi wa Januari, akafungua kinywa amsalimie binti yake Imaculata, hewa ikamkaba, na salamu aliyoitunza safari nzima tangu Dar es Salaam ikamfia kooni. Imaculata akacheka, akamzungushia shali mpaka puani. Mzee hakucheka. Yeye alikuwa mtu wa maneno tangu ujana wake, na mtu wa maneno akikabwa mlangoni hujua kwamba ndani hakuna heri.

Hakukosea sana. Nyumba ya Imaculata kule Oakdale ilikuwa nzuri, ina joto, ina kila kitu isipokuwa mtu wa kuzungumza naye. Imaculata ni nesi. Wiki hii anaingia asubuhi, wiki ijayo usiku, na akirudi anachotaka ni kitanda. Mjukuu, Brigitha, aliyepewa jina la bibi yake, anaelewa Kiswahili chote lakini anajibu kwa Kiingereza, tena kwa kukata. Siku mzee alipomweleza kwamba babu yake aliwahi kuwa mdomo wa sinema, kwamba watu walitembea kutoka Chita mpaka Mlimba kuja kumsikia yeye, mtoto alisema, "Babu, for real?" akaenda kuchaji simu.

Mzee hakumlaumu. Mambo yenyewe yalikuwa ya zaidi ya miaka hamsini nyuma, na mtu wa mwisho aliyeyashuhudia, Brigitha yule mkubwa, alikuwa amelala makaburini Mlimba. Ndiyo maana mzee alikubali kuja Marekani. Nyumba ilikuwa imebaki kuta tupu. Kilichomuuma ni kwamba siku na yeye akifumba macho, ile Mlimba ya sinema itakuwa kama haijawahi kuwapo.

Imaculata alipomkuta baba yake anajibizana na televisheni, akamwandikisha kituo cha wazee cha mchana, upande wa mji wa Saint Paul. Asubuhi gari la kituo linampitia, jioni linamrudisha. Humo mna Wahmong wa Laos, Wasomali, Wakaren wa Burma na Wakongo wachache, na kila watu wana meza yao. Mzee Paul alipewa meza ya Wakongo, chini ya Générose, mama wa Bukavu aliyefanya kazi pale na ambaye alipitia kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu kabla ya kufika huku. Générose alimwita Papa Paul, akamwekea chai ya maziwa yenye tangawizi, na ulimi wa mzee ukaanza kupata nafuu.

Aliyekaa peke yake alikuwa mtu mmoja tu. Alikuwa Mchina, mrefu, mkavu, umri wake unakaribia tisini, akiletwa kila siku kutoka Saint Louis Park alikoishi na binti yake. Alijichagulia kona ambayo taa yake ilikuwa imeungua, na hata Générose alipombembeleza asogee dirishani kwenye mwanga, alitikisa kichwa kwa adabu. Siku ya kupiga picha ya pamoja, wazee wengine wakigombea katikati, yeye alijisogeza mpaka mwisho wa mstari, akainama kidogo kama anayetafuta kifungo kilichodondoka. Mzee Paul alidhani ni haya tu.

Mpaka siku moja, baada ya chakula, yule Mchina akatoa karanga mfukoni. Alizichukua moja moja, akazimenya kwa mkono mmoja tu, wa kushoto, ule wa kulia umelala gotini kama wa mtu aliyezoea kuhudumiwa. Kisha akapuliza maganda kwa pembe ya mdomo, fuu, bila kutazama yanamwangukia nani.

Kikombe kilimtoka Mzee Paul mkononi. Générose akaja mbio akidhani ameungua. Mzee hakuwa na habari ya chai. Aliinuka, akaenda mpaka kwenye ile kona, akamsimamia yule mtu na kusema kwa Kichina ambacho hakuwa amekigusa tangu reli imalizike: "Wewe. Sinema. Kabaila."

Yule mzee aliganda na karanga yake. Akautazama mlango, kana kwamba anapima kama atauwahi. Halafu kwa sauti ndogo akakubali kwamba ndiye.

Sasa hapa hatuna budi kurudi Mlimba, maana bila Mlimba habari hii haina miguu.

Wachina walipokuja kujenga Reli ya Uhuru, Mlimba iligeuka mji kufumba na kufumbua. Paul alikuwa kijana wa miaka ishirini, kazi yake kubeba fimbo za kupimia nyuma ya fundi mmoja wa Kichina. Alikuwa na sikio. Kabla mvua za kwanza hazijaisha alikuwa anataja nyundo, kokoto, wali na ndugu kwa Kichina, na kabla za pili hazijaanza alikuwa anagombana kwa Kichina, jambo ambalo ni gumu zaidi. Kwa hiyo kambi ilipoanza kuonyesha sinema Jumamosi jioni, kwenye shuka jeupe lililofungwa kati ya nguzo mbili, yeye ndiye aliyepewa kipaza sauti awatafsirie wenyeji.

Kutafsiri ni neno la heshima tu. Mkalimani wa kambi alimsimulia picha kwa kifupi wakati wa chai, na yaliyobaki Paul aliyajaza mwenyewe. Alikuwa mwanamume na mwanamke, mtoto na ng'ombe, mvua na mlango. Watu wakamwita Paul Mdomo. Na katika picha zote zilizopita kambini, iliyopendwa kupita kiasi ilikuwa ya kabaila mmoja mnyang'anyi wa mashamba, aliyemenya karanga kwa mkono mmoja na kuwapulizia maganda wakulima waliompigia magoti. Siku hizo, kwenye redio na kwenye mikutano, wanyonyaji waliitwa kupe. Basi Paul akambatiza Bwana Kupe, na jina likaganda. Watoto wa Mlimba nzima wakajifunza kumenya karanga kwa mkono wa kushoto, na mama zao wakawachapa kwa kutapakaza maganda.

Picha ile ilikuja kwa masanduku ya mkanda. Masika moja, picha ikija kwa mara ya kwanza, lori lililoyabeba likakwama kwenye kivuko cha mto Mpanga, maji yakapanda, na sanduku moja likaenda na mto. Lilikuwa ndilo lenye mwisho wa Bwana Kupe. Tangu hapo Mlimba ilimwona anakimbia kwenye mvua, kofia imemtoka, halafu pap, wakulima wako kwenye karamu ya mavuno na hakuna anayemtaja. Watu wakapiga kelele kuuliza yuko wapi. Paul ameshika kipaza sauti, hana la kusema, akasema lililokuja. Alisema Bwana Kupe alikimbia mpaka nchi ikamwishia, akavuka bahari, akatubu njiani, na sasa anabeba kokoto kwenye reli kama kila mtu. Labda hata leo yuko hapa hapa, akasema, ila anaona haya kukaa.

Jumamosi iliyofuata kiti kitupu kilikuwa safu ya mbele. Kiti cha Bwana Kupe. Ikawa desturi. Lazima kiwekwe kabla jenereta halijawashwa. Mtoto akikikalia anaondolewa, mlevi akikikalia anaondolewa na kofi. Aliyekuwa akikileta ni msichana mmoja, kiti cha kamba cha baba yake amekibeba kichwani, na Paul alimtazama akikitua mara nyingi kiasi kwamba mwisho alikwenda kwao kuposa. Mpaka Wachina wanakunja shuka lao na kuondoka, kiti kile hakikuwahi kukosa sinema hata moja.

Na mwenye kiti, kumbe, alikuwa Saint Paul amekaa chini ya taa iliyoungua.

Jina lake ni Geng Shoutian. Wazee hawa wawili walizungumza kwa Kichina cha reli, kwa Kiingereza cha dukani, na palipobaki walimalizia kwa mikono. Kwa wiki kadhaa gari la kituo likawa halimfikishi Mzee Paul upesi vya kutosha. Aliamka mapema, alinyoa, alimhimiza dereva. Imaculata akawa anamtania kwamba Baba amepata mchumba. Ng'ombe hazeeki maini, mzee akajibu, na kwa mara ya kwanza tangu afike alicheka ndani ya nyumba ile.

Geng alikuwa amesomea maigizo akitarajia kuwa shujaa, maana ni nani atasomea maigizo ili awe mwizi? Lakini mwongozaji wa kwanza aliyatazama mashavu yake yaliyobonyea na macho yake ya ndani, akamwambia uso huu ni wa adui. Tangu hapo akawa kabaila, jasusi, msaliti, ofisa wa jeshi la upande ule mwingine. Kabaila yule alimwigiza hajafika miaka thelathini. Kila asubuhi walimpaka uzee. Sasa, alisema akijigusa mashavu, naupata bure.

Uadui nao ulikuwa na kanuni zake. Shujaa husimama katikati, juu, mwanga umemjaa uso. Adui huwekwa pembeni, chini, kwenye kivuli, na taa humpiga kutokea kidevuni ili hata pua yake ionekane ina hila. Baada ya kazi, kwenye picha ya pamoja na kwenye meza ya chakula, akina Geng walijua pa kukaa bila kuambiwa. Ukifanya hivyo ujana wako wote, mwili unazoea. Mzee Paul aliitazama ile kona, akaitazama taa, akajisikia vibaya.

Uso ule ulimfuata mpaka mitaani. Wasanii walipopelekwa vijijini kulima, kijiji kilimtambua, na mama mmoja alimnyima maji ya kunywa. Binti yake shuleni aliitwa mtoto wa kabaila. Nyakati zilipogeuka na picha za namna nyingine zikaanza kutengenezwa, hakuna aliyemhitaji. Akamalizia kazi akiwafundisha vijana kupaka rangi za uso. Yote haya aliyasema bila kinyongo, kama mtu anayekueleza jana mvua ilinyesha wapi.

Kitu kimoja tu alikisema kwa fahari. Pale anapokufa kabaila, alisema, ndipo alipofanya kazi yake bora kuliko zote. Kisha akauliza, akichagua maneno mepesi ili Mzee Paul asikose hata moja: "Kwenu, nilipokufa, watu walifanya nini?"

Hapo ndipo mdomo ulipomponza mwenye mdomo. Mlimba haikuwahi kumwona Bwana Kupe akifa. Lakini utamwambiaje msanii wa miaka ile kwamba kazi yake bora ilikwenda kutazamwa na kambare wa Mpanga? Mzee Paul alikuwa amekula chumvi nyingi na kipaza sauti mkononi, na alijua msanii anataka nini. Akainua mikono yake miwili akapiga makofi. Alipiga kwa nguvu mpaka meza ya Wahmong ikageuka. "Hivi," akasema. "Wote. Walisimama."

Mzee Geng alitikisa kichwa polepole, akarudisha karanga mfukoni. Jioni gari lilipokuja alipanda bila kuaga. Kesho yake hakuja, wala kesho kutwa.

Wiki ikapita, na nyingine. Mzee Paul alikaa akiitazama ile kona, chai inapoa mbele yake. Alijua kosa lipo na lina uhusiano na yale makofi, lakini kosa gani? Hajawahi kuona mtu aliyekasirika kwa kusifiwa. Mwishowe akamwomba Générose apige simu Saint Louis Park. Générose akapiga, akarudi mezani, akavuta kiti.

"Papa Paul, nimesema na binti wake. Muzee hakule vizuri, anashinda kitandani, anaangalia ukuta tu. Wakimuuliza iko nini, anajibu neno moja: hata kule." Générose akamtazama usoni. "Mulimuambia nini, Papa?"

Jioni hiyo Mzee Paul alimsubiri Imaculata jikoni. Tangu afike nchi hii hakuwa ameomba kitu, hata soksi, lakini leo aliomba apelekwe Saint Louis Park. Imaculata akasema ana siku moja tu ya mapumziko wiki nzima, barabara zina barafu, na Saint Louis Park ni ng'ambo ya Minneapolis. Basi mzee akamweleza yote. Aliposema kiti, Imaculata aliacha kuosha vyombo.

"Kile cha kamba?" akauliza. "Kile ambacho Mama alikuwa haturuhusu kukikalia?"

"Hicho hicho."

"Tukidhani ni cha marehemu babu." Imaculata akajifuta mikono polepole. "Kesho saa nne uwe umeshavaa."

Mlango wa Saint Louis Park ulifunguliwa na binti yake Geng, mama mtu mzima mwenye mvi, jina lake Suyin. Aliwakaribisha kwa upole, lakini macho yake yalikuwa mekundu. Mzee Geng alikuwa chumbani, mgongo kwa mlango. Mzee Paul aliketi ukingoni mwa kitanda na kuongea kwa Kiingereza, na Suyin akawa anageuza kwa Kichina, sentensi kwa sentensi. Njia ya mwongo ni fupi, na ya Mzee Paul ilikuwa imeishia kitandani pale. Alisema lile la makofi alilitunga. Alisema sanduku lilichukuliwa na mto, na kwamba Mlimba nzima haikuwahi kumwona kabaila akifa, hata mara moja. Hakuna aliyepiga makofi kwa sababu hakuna aliyeona.

Suyin aliikatiza tafsiri katikati. Akamgeukia Mzee Paul na kumweleza jambo ambalo baba yake hakuwa na lugha ya kumwambia.

Katika maandishi ya picha ile, kabaila alitakiwa kufa akitukana, ngumi zimeinuliwa. Geng alikufa hivyo tena na tena, kwenye matope ya baridi, mwongozaji haridhiki. Mwisho, amechoka, akamkumbuka babu yake mzaa baba, mkulima asiyekuwa na shamba, aliyefia kwenye shamba la mtu wakati wa mavuno. Babu yule alichota udongo, akaunusa kama anayepima kama uko tayari kwa mbegu, akaweka kichwa juu ya mkono, akalala. Geng akafa hivyo. Mwongozaji alikuwa anawasha sigara. Akasema sawa, tuendelee. Hakuna aliyegundua. Hivyo yule babu akaingia kwenye sinema, ndani ya nguo za adui.

"Na kila ukumbi alioingia," Suyin akasema, "amekaa nyuma na kofia yake, watu walisimama wakapiga makofi babu yake alipokufa. Hawakuwa na kosa, ndivyo walivyofundishwa. Lakini alikuwa akijiambia kwamba mahali pengine mbali, ambako hakuna aliyewaambia washangilie wakati gani, labda walinyamaza."

Mzee Paul alishika kichwa. Kitanda kikatikisika. Mzee Geng alikuwa amegeuka. Alitoa mikono nje ya blanketi, akapiga makofi mawili makavu, akatikisa kichwa. Halafu akafunika mdomo wake kwa kiganja, akabaki hivyo, macho yamemkazia Mzee Paul. Hicho ndicho alichokuwa akikitaka.

Basi Mzee Paul akamwambia lililobaki, na safari hii hakuongeza chumvi. Alimwambia kuhusu kiti. Alimwambia watu wa Mlimba walimcheka, walimtukana, walimpa jina la mdudu, na bado kila Jumamosi walimwekea mahali pa kukaa. Suyin alilazimika kurudia hayo mara mbili.

"Nani alikikalia?" Mzee Geng akauliza.

"Hakuna. Kilikuwa chako."

Mzee Geng alisukuma blanketi pembeni. Akajiinua, akaomba chai, kisha akauliza ni siku gani kituo kinakuwa na watu wengi. Mzee Paul akamwambia Alhamisi, siku ya bingo, ule mchezo wa namba.

Générose alifanya kazi yake. Alimweleza mkubwa wa kituo, akapita meza kwa meza na wenye lugha zao, akahakikisha kila mtu ameambiwa kwamba mzee yule ataigiza, kwamba hafi kweli, kwamba asije mtu akapiga simu ya ambulensi. Suyin alileta kofia. Mzee Paul yeye alishikilia kwamba kiti lazima kitoke nyumbani, hiki cha kituo hakifai, kila mtu amekikalia. Alhamisi hiyo Imaculata aliegesha gari, akashuka amekumbatia chungu cha maua, maana udongo wa nje ulikuwa jiwe, na kiti cha jikoni akakibeba Brigitha. Mtoto alijaribu kukikumbatia, kikamgonga magoti. Akakigeuza akakiweka kichwani, akavuka theluji hivyo hivyo, mkono mmoja mfukoni. Mzee Paul alisimama mlangoni akamtazama mpaka macho yakamwingia maji. Alisingizia upepo.

Kiti kikawekwa mbele, katikati, dirishani, kitupu. Mzee Paul akachukua kipaza sauti cha bingo.

"Mvua inanyesha," alianza kwa Kiswahili, na sauti ilikuwa ile ile. Générose alisema baadaye kwamba nywele zilimsimama. Wengi ukumbini hawakujua neno hata moja, lakini walitazama dirishani kana kwamba kweli inanyesha. Mzee Geng akatokea kwenye kona yake. Akakimbia. Kwa umri ule kukimbia kwake kulikuwa hatua chache za kukokota, lakini ulimwona mtu anayefukuzwa. Kofia ikadondoka. Akaanguka goti, akaanguka goti la pili, na bibi mmoja wa Kihmong akaachia yowe ingawa alikuwa ameambiwa.

Mzee Paul alikuwa na maneno ya mahali hapo. Aliyaandaa tangu Saint Louis Park, mazuri, ya kutoa machozi. Akaona Mzee Geng anachota udongo wa chungu kwenye kiganja, anauleta puani, anaunusa kwa utulivu kama mtu aliyebakiza kazi kesho. Akaona kichwa kinalala juu ya mkono. Paul Mdomo akafungua mdomo, akaufunga. Akashusha kipaza sauti.

Ukumbi ulikuwa kimya. Mzee mmoja wa Kisomali aliyekuwa akinong'ona kwenye simu aliishusha mapajani. Générose alikuwa amejishika kifua. Brigitha, ambaye alikuwa ameinua simu arekodi, aliiteremsha. Hakuna hata kijiko kilichogusa sahani, na hali hiyo ilikaa, ikakaa, mpaka ukasikia friji la jikoni likinguruma.

Pale sakafuni jicho moja likafunguka. Mzee Geng, bila kuinua kichwa, aliuliza kwa Kichina cha polepole watu wanafanya nini.

Mzee Paul alipiga goti kando yake. Aliinua mkono, akafunika mdomo wake kwa kiganja.

Wakamwinua, Mzee Paul huku na Générose huku, wakampeleka kwenye kiti. Mzee Geng alipofika alisita, akaitazama kona yake kule nyuma. Kisha akakaa, jua la theluji limemjaa uso. Akajipangusa udongo, akatoa karanga mfukoni, akaimenya kwa mkono mmoja, akampa Mzee Paul, na maganda akayarudisha mfukoni.